Sahani isiyoliwa nayo hulipiwa

Mfanyakazi wa mjini anazijua njia mbili za kulipia chakula. Ya kwanza ni ya daftari la mama lishe: unakula leo, jina lako linaandikwa, na mshahara ukitoka unakwenda kulifuta. Ya pili ni ya kutanguliza fedha: unalipa kwanza, kisha unakula kwa kiasi ulicholipia. Katika njia ya kwanza muuzaji ndiye anayemwamini mlaji. Katika njia ya pili mlaji ndiye anayemwamini muuzaji.

Njia hii ya pili imetuzoea katika mambo mengine pia. Tunanunua umeme wa LUKU kabla ya kuwasha taa, na tunanunua bando kabla ya kupiga simu. Lakini hata hivyo viwili havilingani. Uniti za LUKU hukaa kwenye mita zikakungoja, hata ukisafiri mwezi mzima. Bando hufa saa yake ikifika, uwe umelitumia ama hukulitumia. Kwa hiyo, ndugu msomaji, anayetakiwa kutanguliza fedha zake hana budi kuuliza jambo moja kabla ya bei: je, ninachonunua ni LUKU au ni bando?

Swali hilo lilinikaa kichwani Julai 2024, nilipomsindikiza mama yetu kwenda Marekani kumwona dada yangu. Dada anaishi Houston na anafanya kazi ya zamu za usiku katika nyumba ya kutunzia wazee. Kwa miaka miwili alikuwa akiweka akiba ili awapeleke watoto wake, pamoja na bibi yao, kwenye viwanja vya burudani vya Walt Disney World, vilivyofunguliwa karibu na mji wa Orlando, jimbo la Florida, tarehe 1 Oktoba 1971. Chumba cha familia katika mojawapo ya hoteli za viwanja hivyo alikwisha kukilipia kwa usiku nne. Tiketi za kuingilia alikwisha kuzinunua. Kilichobaki ni chakula.

Kampuni yenye viwanja hivyo huwapa wageni wanaolala katika hoteli zake nafasi ya kulipia milo kabla ya kufika, pamoja na chumba. Dada alinikabidhi karatasi na kalamu. "Mdogo wangu," akasema, "wewe ndiye uliyesomea kuandika. Nipigie hesabu, uniambie nilipe au nisilipe."

MPANGO WENYEWE

Mpango huo wa milo ulianza mwaka 2005. Hapo mwanzo, bei ya milo ya mezani ilikuwa na bakshishi ya mhudumu ndani yake, pamoja na sahani ndogo ya kufungulia. Mwaka 2008 vyote viwili viliondolewa, na bakshishi ikarudi kuwa juu ya mgeni. Machi 2020 viwanja vilipofungwa kwa sababu ya korona, mpango nao ulisimama. Ulirudi tarehe 9 Januari 2024, miezi sita kabla yetu.

Katika mwaka huo palikuwa na namna mbili za kulipia. Namna ndogo ilimpa kila mtu, kwa kila usiku wa kulala, milo miwili ya kaunta, yaani ile ambayo mgeni hupanga foleni akachukua sinia lake, pamoja na kitafunio kimoja. Mtu mzima alilipa dola 57.01 kwa usiku, na mtoto wa miaka mitatu hadi tisa dola 23.83. Namna kubwa ilitoa mlo mmoja wa kaunta, mlo mmoja wa kukaa mezani na kuhudumiwa, na kitafunio kimoja. Hapo mtu mzima alilipa dola 94.28 na mtoto dola 29.69. Katika zote mbili kila mtu alipewa kikombe cha kujazia vinywaji hotelini kwa siku zote za kukaa. Kodi ilikuwa ndani ya bei, bakshishi haikuwamo.

Masharti yake yanataka kusomwa polepole. Mtoto aliyefikisha miaka kumi huhesabiwa kuwa mtu mzima. Mtoto aliye chini ya miaka mitatu hahesabiwi, naye hula katika sahani ya wakubwa. Mwaka 2024 watu wote wa chumba kimoja, kuanzia miaka mitatu, ilikuwa lazima walipiwe. Hukuweza kumlipia mmoja ukamwacha mwingine. Mikahawa ya fahari huchukua milo miwili ya mezani kwa mtu kula mara moja. Na milo isiyoliwa hufa usiku wa manane wa siku ya kuondoka, wala fedha hairudishwi.

Jibu la swali langu likawa limepatikana. Hili ni bando.

USIKU, SI SIKU

Tulikuwa watu sita: Mama, Dada, mimi, na wapwa zangu watatu, wenye umri wa miaka 11, minane na miwili. Kwa macho ya nyumbani hao ni wakubwa watatu na watoto watatu. Kwa macho ya mpango ni wakubwa wanne, mtoto mmoja, na mmoja asiyekuwapo.

Namna kubwa: dola 94.28 mara nne ni 377.12, ongeza 29.69 za mtoto, unapata 406.81 kwa usiku. Kwa usiku nne ni dola 1,627.24. Namna ndogo: dola 57.01 mara nne ni 228.04, ongeza 23.83, unapata 251.87 kwa usiku, na dola 1,007.48 kwa usiku nne. Wakati ule dola moja ilikuwa zaidi ya shilingi 2,600. Kwa hiyo tulikuwa tunazungumza juu ya zaidi ya shilingi milioni nne na laki mbili kwa namna kubwa, au zaidi ya milioni mbili na laki sita kwa namna ndogo, kwa chakula peke yake.

Tena, malipo huhesabiwa kwa usiku, ilhali tumbo huhesabu kwa siku. Usiku nne ni siku tano. Katika siku hizo tano tulihitaji chakula cha mchana mara tano, cha jioni mara nne na cha asubuhi mara nne, yaani milo kumi na mitatu kwa kila mtu. Mpango ulitoa minane. Mitano iliyobaki ingetoka mfukoni, juu ya fedha iliyokwisha kulipwa.

Nikaipima pia thamani ya mlo mmoja. Katika dola 57.01 nilitoa dola 6 za kitafunio na dola 5 za kikombe. Zikabaki dola 46, yaani dola 23 kwa kila mlo wa kaunta. Katika menyu tulizozisoma, sahani nyingi za kaunta zilikuwa kati ya dola 12 na 17, na soda karibu dola 5. Je, mgeni huifikiaje dola 23? Siri iko kwenye kinywaji: mpango humruhusu mtu mwenye umri wa miaka 21 na kuendelea kuchukua bia au kinywaji kingine cha kileo mahali pa soda, katika mlo wake. Anayekunywa hivyo, na kuchagua sahani ya bei ya juu kila mara, anaweza kupata faida. Kwetu hapanyweki pombe. Mama ana ugonjwa wa kisukari, hivyo hata soda na vitindamlo vilivyo katika bei ya mezani visingekuwa vyake. Tungelipia kwa ajili yake vitu ambavyo daktari amemkataza.

Haki itendeke: bei ya mtoto mdogo ilikuwa nafuu ya kweli. Familia yenye watoto wawili au watatu wa miaka mitatu hadi tisa, inayopenda kukaa mezani kila jioni, ingeweza kuupata mpango huo ukiwafaa. Lakini mpwa wangu wa miaka 11, ambaye hula nusu ya sahani akaomba kwenda kucheza, angelipiwa dola 94.28 kwa usiku, ilhali mdogo wake dola 29.69. Tofauti ya watoto hao wawili kwa usiku nne ni dola 258.36.

HOJA YA DADA

Nilimpelekea Dada hesabu hizo nikidhani kazi imekwisha. Alizisoma zote, akakunja karatasi.

"Hesabu yako ni sawa," akasema. "Lakini hujaniuliza kwa nini nataka kulipa kabla." Kisha akanieleza. Mwaka uliopita Mama alipokuja, Dada alimpeleka kula mkahawani. Mama alifungua menyu, akaona bei, akazigeuza dola kuwa shilingi kichwani mwake, akafunga menyu. Akasema hana njaa. Aliagiza maji, akakaa akiwatazama wajukuu wanakula.

"Nafanya kazi usiku miaka yote hii," Dada akasema, "nami sijapata kumwona mama yangu akila chakula nilichomnunulia bila kukipima. Nikilipa kabla, bei hataiona. Nami siku hizo tano sitahesabu. Nimechoka kuhesabu."

Wasomaji wenye ndugu walio mbali watanielewa nikisema kwamba hoja hiyo haikuwa na jibu katika karatasi yangu. Tumezoea kumtazama ndugu aliye ng'ambo kama mtu asiyeishiwa. Hatuoni saa za zamu zinazohesabiwa moja moja, wala kodi ya nyumba, wala bima. Dada hakuwa akinunua milo arobaini ya kaunta. Alikuwa akinunua siku tano za kupumzika na hesabu, na heshima ya kumlisha mama yake. Vitu hivyo vina thamani, na mwenye kuvitaka si mjinga wa fedha.

Hata hivyo, nilimwambia kwamba anayekula ndiye asiyekuwamo katika kikao. Mgonjwa wa kisukari hula kwa saa ya dawa yake. Hawezi kungoja saa ya meza iliyowekewa nafasi, hata kama meza hiyo imelipiwa. Tukakubaliana tumwite Mama.

FUNDISHO LA KANTINI

Mama yetu amestaafu. Katika miaka ya 1980 alikuwa mpishi wa kantini ya kiwanda cha nguo mjini Dar es Salaam. Wafanyakazi wa kiwanda walikatwa fedha ya chakula katika mshahara, wakapewa tiketi, na kila mlo tiketi moja ilikatwa. Alisikiliza maelezo yetu hadi mwisho, bila kuuliza bei. Alipouliza, aliuliza hivi: "Na asiyekula, sahani yake inakwenda wapi?"

Nikamwambia haiendi popote. Hufa usiku wa manane.

Mama akacheka. Akatueleza kwamba katika kantini yao wapishi walijua tangu Jumatatu ni watu wangapi hawatakuja kula. Kuna mgonjwa, kuna aliye safarini, kuna aliyefunga, kuna aliyeletewa chakula na mkewe. Wote walikwisha kukatwa fedha. "Sufuria tulipika ya watu pungufu," akasema. "Kila siku. Wala hatukumwibia mtu. Jiko la tiketi hukaa juu ya sahani isiyoliwa. Lau wote wangekuja kula siku moja, tungefunga mlango."

Sijapata kusikia maelezo mafupi kuliko hayo juu ya biashara ya kulipia kabla, iwe ya chakula, ya simu, au ya safari. Muuzaji hupata mambo matatu: fedha mkononi kabla ya kazi, mteja asiyeweza kwenda kula kwingine, na sahani zisizoliwa. Si wizi, wala si siri. Lakini mlaji aijue, ili ajipime yeye ni yupi katika foleni: yule anayemaliza tiketi zake zote, au yule ambaye sahani yake inalisha faida.

Kisha Mama akamgeukia Dada. "Mwanangu, mimi sikukataa chakula chako. Nilikataa kula nisichokijua kimetoka wapi. Nipe mimi hiyo fedha ya chakula niishike."

BAHASHA TANO

Ndivyo ilivyokuwa. Dada alitoa dola 1,100, nasi tukazigawa katika bahasha tano, moja kwa kila siku, na Mama akazitia mkobani mwake. Tulikwenda kwa gari la Dada, kwa hiyo njiani tulisimama kwenye duka kubwa la vyakula tukanunua mkate, mayai ya kuchemsha, maziwa, ndizi, karanga na maji. Chumba kilikuwa na jokofu dogo. Viwanja hivyo huruhusu mgeni kuingia na chakula chake, mradi pasiwe na pombe wala chombo cha kioo. Na kaunta zinazouza soda hutoa maji baridi bure kwa anayeomba. Kwa hiyo asubuhi tulikula chumbani, na Mama alitembea na ndizi na karanga zake kwa saa za dawa.

Mchana tulikula kaunta. Jioni tatu tulikula katika ukumbi wa chakula wa hoteli, sahani tatu au nne tukigawana watu sita. Jioni moja tuliitenga kwa ajili ya meza. Tulibahatika kupata nafasi katika mkahawa uitwao Boma, ndani ya hoteli ya Disney's Animal Kingdom Lodge iliyofunguliwa mwaka 2001. Msomaji wa Kiswahili akifika hapo atadhani ameota: sehemu moja ya hoteli inaitwa Jambo, nyingine Kidani, na mkahawa wa fahari uliopo hapo unaitwa Jiko. Nje kwenye majani twiga na pundamilia wanatembea mbele ya madirisha. Nilipomweleza Mama kwamba Jiko ni mojawapo ya ile mikahawa inayokata tiketi mbili kwa mlo mmoja, alisema kwamba kwa miaka yote aliyokaa jikoni hakujua amekaa mahali pa ghali namna hiyo.

Boma hulipiwa kwa kichwa, na mtu hujipakulia mwenyewe. Mtu mzima alilipa zaidi ya dola 50. Mama aliiona bei, kwani bahasha alikuwa nayo yeye. Hakusema hana njaa. Alikula supu, nyama ya kuoka na mboga, akarudi mara ya pili, akavipita vitindamlo bila manung'uniko, kisha akahesabu noti mezani pamoja na bakshishi ya mhudumu, kama mtu anayelipa vibarua wake.

Siku ya nne, kwenye kaunta, alimwagizia Dada samaki wa kukaanga. Dada alikwisha kuipita sahani hiyo mara mbili kwa sababu ya bei, akidhani hakuna aliyemwona. "Bahasha ya leo ina nafasi," Mama akasema. Dada alikula bila kusema neno.

Nyumbani Houston tulipiga hesabu. Vyakula vya dukani dola 92. Chakula cha mchana siku tano dola 368. Jioni tatu za hoteli dola 187. Boma pamoja na bakshishi dola 291. Aiskrimu na vitamu vya watoto dola 84. Jumla dola 1,022, na 78 zikarudi kwa mwenyewe. Hiyo ni karibu sawa na namna ndogo ya mpango, lakini ndani yake zimo asubuhi zote nne na jioni moja ya mezani, ambazo namna ndogo haikuwa nazo. Ukilinganisha na namna kubwa, ni pungufu kwa dola 605.

KABLA YA KUTANGULIZA FEDHA

Wachache wetu watafika Florida. Lakini hoteli za pwani zinazouza chumba pamoja na chakula chote zipo hata kwetu, na ziara za shule za kulipia kabla zipo, na kila mwezi mtu fulani anamwomba mfanyakazi atangulize fedha kwa jambo zuri. Kwa hiyo wazazi wenzangu, kabla ya kutoa, tuulize haya.

Kwanza, kisichotumika kinabaki au kinakufa? Pili, wanahesabu nini: siku, usiku, au vichwa? Na mtoto wetu kwao ni mtoto, au ni mtu mzima? Tatu, ndani ya bei kuna kitu ambacho nyumba yetu haili wala hainywi? Kikiwamo, tunamlipia mtu mwingine. Nne, nini hakimo: asubuhi, bakshishi, maji, nauli? Tano, mgonjwa wetu atakula saa ngapi?

Mwenye kujibu yote hayo akaona bado inamfaa, na alipe kwa moyo mweupe. Si kila anayelipa kabla hupunjwa. Lakini hesabu hiyo isipigwe na mwenye mshahara peke yake gizani, kwa nia njema ya kuwaficha wengine bei. Aitwe na yule aliyezoea kupakua. Yeye anajua nani katika nyumba humaliza sahani, nani huacha nusu, na nani husema hana njaa.